Hetty Anawasalimu

Mabibi na mabwana, kaeni wima, vueni kofia, maana anayeingia sasa ni Ambrose Tulley, nguzo ya uigizaji wa Uingereza kwa zaidi ya miaka arobaini. Nguzo hasa. Watu waliiegemea, waliipita bila kuiangalia, na mara moja mjini Oldham mwigizaji mkuu alitundika koti lake juu yake mbele ya watazamaji wote, akaenda zake kumbusu mwanamke wa mchezo. Ambrose alibaki na lile koti mpaka pazia liliposhuka. Hakuna aliyempa maelekezo mengine.

Alikuwa amecheza wachungaji wa kanisa, wahudumu wa mezani, mabawabu wa hoteli, madaktari wanaotoka chumbani na kutikisa kichwa, na yule mzee anayemtembeza mbwa alfajiri na kukuta maiti kichakani. Katika ile ya mbwa, mbwa alipewa chumba chake cha kupumzikia. Ambrose alikaa kwenye ngazi. Alikuwa ameuawa kwa sumu, kwa kinara cha mishumaa, na kwa kusukumwa kutoka juu ya mnara wa kanisa, na kila mara alikufa mapema, watazamaji wakiwa bado wanakoroga chai yao, ili wenye majina makubwa wapate la kuzungumza. Barabarani watu walimsimamisha wakiwa na hakika kwamba wanamjua.

"Wewe si ndiye uliyemzika shangazi yangu?"

"Huenda," Ambrose hujibu. "Natumaini ilikwenda vizuri."

Miaka yote ya mwisho alikuwa Sajini Potts. Hiyo ni tamthilia ya Inspekta Crake, iliyorekodiwa Leeds katika shule ya zamani iliyogeuzwa kituo cha polisi. Inspekta Crake huingia akiwa amelowa mvua, huuliza mkuu wake yuko wapi, na Sajini Potts, nyuma ya kaunta, hujibu: "Yuko ofisini, mkubwa. Na hana furaha." Ile sentensi ya pili Ambrose aliiongeza mwenyewe siku moja kamera zikirekodi. Ikapendwa, ikaachwa, ikawa inaandikwa kila kipindi. Ndio mchango wake katika sanaa ya dunia, na tusiudharau, maana wapo waliofunga safari na wasiache hata huo.

Mkewe aliitwa Hetty. Walikutana kulekule Oldham, katika kampuni ya maigizo iliyobadilisha mchezo kila wiki. Hetty alikuwa mkumbushaji. Alikaa kwenye kigoda pembeni mwa jukwaa, upande wa kushoto, nyuma ya pazia, kitabu cha mchezo mapajani, na mwigizaji akisahau maneno yake, yeye humnong'oneza. Wiki ile Ambrose alicheza mtumishi wa nyumba ya tajiri, na alikuwa na mstari mmoja tu: "Gari liko mlangoni, bibi." Jumatatu aliusahau. Jumanne akausahau tena.

"Tulley," meneja alimwambia, "ni maneno manne! Kasuku wa mama yangu anayo kumi na sita, na matatu kati ya hayo ni matusi."

Ambrose aliomba radhi, na Jumatano akausahau kama kawaida. Aligeuza kichwa kushoto, akangoja. Usiku ule sauti ilichelewa. Watazamaji walianza kukohoa, bibi wa mchezo alijipepea mara mbili zaidi ya ilivyopangwa, na Ambrose akadhani yule msichana amesinzia. Kisha ikaja kutoka gizani, ndogo, yenye harufu ya peremende: Gari liko mlangoni, bibi. Kabla ya Krismasi walikuwa wameoana. Mistari yote iliyofuata katika maisha yake, Ambrose aliikumbuka.

Hetty alikufa mwezi wa Februari, akiwa amefungua mlango wa friji kutafuta maziwa. Ambrose alimkuta sakafuni, na kitu cha kwanza alichofanya ni kuufunga ule mlango wa friji, kwa sababu Hetty hakupenda uachwe wazi.

Kuhusu mazishi hakuna mengi ya kusema. Ambrose alivaa suti nyeusi aliyozoea kuzikia watu wasiokuwepo. Alimtazama mchungaji akisoma, akafikiri kwamba yeye, aliyekuwa amecheza wachungaji wengi kuliko wanaokaa katika dayosisi moja, angekishika kile kitabu chini kidogo ili uso uonekane. Watu walimpa mkono. Aliwaangalia kwa ule uso wa mjane wa kiume asiye na maneno, unaoonekana kwa sekunde tatu kabla mpelelezi hajaingia. Alimngoja mpelelezi. Hakuingia mtu. Shemeji yake kutoka Whitby alilia kwa wote wawili, akala mikate ya tango, akapanda treni. Ambrose alirudi nyumbani, akakaa kwenye kiti, na hakuhisi chochote. Aliangalia kama kipo, kama mtu anavyopapasa mfukoni kutafuta funguo, na hakikuwepo.

Wiki iliyofuata alikwenda kazini. Hakuwa amemwambia mtu yeyote kule. Si kwamba aliamua kuficha, hapana. Alikaa tu kwenye kiti cha mpambaji, akafungiwa kitambaa shingoni, na mpambaji akauliza kama alivyouliza kila asubuhi, "Hetty hajambo?"

"Hajambo," alisema Ambrose. "Anawasalimu."

Ilitoka vizuri mno. Ilikuwa nyepesi, haikukazwa, na ilishuka mwishoni kidogo tu, kama inavyotakiwa. Maneno mawili, na maneno mawili ndiyo fani yake. Mpambaji akasema, "Nisalimie na wewe," akaendelea kumpaka unga puani, na Ambrose akajiona kwenye kioo akiwa mtu ambaye mkewe yuko nyumbani. Kule nyumbani Hetty alikuwa amekufa. Hapa Leeds, katika shule yenye harufu ya rangi mbichi, alikuwa hajambo na anasalimu. Basi Ambrose akaona asiharibu. Sehemu moja ya dunia yenye Hetty ilitosha, na kazi yake ilikuwa kuilinda.

Tatizo lilikuwa bati. Tangu mwaka wa kwanza wa Inspekta Crake, Hetty alikuwa akituma keki kila Ijumaa katika bati la bluu lenye picha ya farasi. Keki ya limau na mbegu kali za kisibiti, iliyobonyea katikati kama kofia iliyokaliwa. Haikuwa keki nzuri sana, tuseme ukweli, lakini watu wanaosimama kwenye mvua tangu alfajiri huipenda keki yoyote, na kwa hiyo Hetty, ambaye hakuwahi kukanyaga pale zaidi ya mara mbili, alikuwa mtu maarufu kuliko mumewe. Rupert Vane, aliyecheza Inspekta Crake na ambaye sura yake ilibandikwa kwenye mabasi, hakuwahi kulishika jina la Ambrose.

"Potts, rafiki yangu!" alizoea kusema. "Hetty wetu hajambo?"

Basi Ambrose akawa ananunua keki ya limau dukani. Alhamisi jioni aliitoa kwenye boksi, akaibonyeza katikati kwa ngumi, taratibu, kwa ustadi, akaunguza ukingo mmoja chini ya moto wa jiko, akailaza kwenye bati la farasi. Kisibiti hakutia; mara moja alijaribu kukinyunyiza juu, ikaonekana kama keki iliyoanguka mchangani. Mtu akiuliza, alisema Hetty amesikia kisibiti hakifai kwa presha. Hakuna kitu ambacho Waingereza hawatakubali ukiwaambia ni kwa ajili ya presha.

Uongo ulikua kwa adabu. Machi Hetty alikuwa kwa dada yake Whitby. Aprili alijiunga na kwaya. Mei goti lilimsumbua. Wakati mwingine Ambrose, akisikiliza maneno yake mwenyewe, alifurahi kusikia habari zake.

Kisha, Juni, wakaamua Sajini Potts astaafu.

Mwongozaji, mwanamke mrefu aliyeitwa Gillian, alimweleza kwenye korido akiwa ameshika kikombe. "Si kukuua, Ambrose! Nilikataa katakata wakuue. Unastaafu, unafanyiwa sherehe pale kituoni, na una hotuba. Nusu ukurasa!"

"Nusu ukurasa," Ambrose alirudia.

"Na tunataka Hetty aje. Akae meza ya mbele na wageni, avae kofia. Baada ya keki zote zile! Tumempangia gari."

"Goti," alisema Ambrose.

"Gari litamfikisha mlangoni kabisa, hatatembea."

"Ni goti baya. Anawasalimu."

Gillian alimtazama kidogo, kisha mtu akamwita kutoka mbali, akaondoka. Ambrose alibaki na ule ukurasa mkononi. Alipaswa kuhuzunika, au kushukuru. Alisoma mistari yake kuona ni lipi kati ya hayo mawili. Alichokiona ni hesabu rahisi: siku moja zaidi. Akiipita siku ya sherehe bila kushikwa, ataondoka pale akiwa mtu mwenye mke, na Hetty atabaki hai katika vichwa vya watu wote wale kwa muda wao wote, akiimba kwaya kwa goti bovu. Akishikwa, Hetty atakuwa amekufa kotekote.

Siku ya sherehe mvua ilinyesha, na Ambrose aliwahi. Bati alilibeba kwapani. Mlangoni mwa gari la vifaa alisimama Beryl Stobbs, mtunza vifaa, mwanamke mnene mwenye penseli nywelini, ambaye alimwita kila mtu kipenzi, hata jenereta lilipozima. Kazi ya Beryl ilikuwa kuhakikisha kila kitu kinachoonekana kwenye picha kipo mahali pake, na kwamba hakuna jina la duka wala la kampuni linaloonekana, maana televisheni hairuhusu. Jicho lake liliona lebo kutoka upande wa pili wa barabara.

"Nipe hilo bati, kipenzi. Leo hulihitaji."

"Ni la Ijumaa. Hetty ame..."

"Najua. Leo keki ya sherehe nimeoka mimi mwenyewe. Nane, zote sawasawa, kwa ajili ya marudio. Hetty hajambo?"

"Hajambo. Anawasalimu."

"Mwambie namsalimu sana," alisema Beryl, na akalichukua bati lile kwa mikono miwili.

Hapa inabidi nieleze sheria moja, ambayo kila mwigizaji wa nafasi ndogo huijua kuliko jina la mama yake. Mkirekodi tukio la kula, usile mara ya kwanza. Kata kipande, kinyanyue, anza sentensi, kirudishe kwenye sahani. Maana ukila mara ya kwanza, itabidi ule vilevile kila wanaporudia: kamera ikiwa mbele, kamera ikiwa ubavuni, kamera ikimtazama mtu mwingine na wewe ukionekana sikio tu. Ambrose mwenyewe ndiye aliyekuwa akiwafundisha wageni. Aliwasimulia habari za kijana mmoja aliyekula soseji nzima katika rudio la kwanza kwa sababu hakuwa amepata kifungua kinywa, na ambaye kufikia saa nane mchana alikuwa amelala chini ya meza ya mavazi akimwita mama yake. Miaka yote ya Inspekta Crake, katika mabaa, mazishi na karamu za mauaji, hakuna aliyemwona Ambrose Tulley akimeza hata chembe.

Wakakusanyika. Ukuta wa kituo ulitundikwa mapambo ya karatasi. Waigizaji wa kukaa tu walijaza meza, na katika meza ya mbele kilikuwepo kiti kimoja kitupu chenye kofia ya bluu juu yake.

"Tumeamua kiti chake kibaki," Gillian alieleza. "Kwenye hadithi, mke wa Potts amekwenda kutafuta maegesho."

"Vizuri," alisema Ambrose.

"Potts, mzee," alisema Rupert Vane, akimshika bega, macho kwenye kamera kuona iko wapi. "Siku kubwa. Nina mistari michache kabla yako, halafu nitakuachia uwanja. Usinifanye nilie kabla ya picha yangu ya karibu."

"Sitakufanya."

"Kimya, tafadhali!" akaita Gillian. "Na... anza!"

Rupert alisema mistari yake michache, ambayo ilikuwa mingi. Watu walicheka pale walipoambiwa wacheke. Kisha Ambrose alisimama mbele ya keki, akashika kisu. Ilikuwa imebonyea katikati. Hilo aliliona bila kulifikiria; Beryl alikuwa fundi, angeweza kuibonyeza keki kwa sababu ya ukweli wa tukio. Akakata kipande. Akakinyanyua kwa uma kama ilivyo sheria, akafungua mdomo aanze sentensi yake ya kwanza, na harufu ikamfika.

Kisibiti.

Akala.

Hakuonja. Alikula kile kipande chote, bila haraka, mbele ya kamera tatu na watu wengi, na chumba kikangoja. Limau lilikuwa limezidi kidogo. Chini palikuwa pagumu. Kisibiti kilikwama kwenye jino lile la nyuma ambalo miaka yote kilikwama, na ulimi wake ukaenda kukitafuta wenyewe, kama mbwa anayeijua njia ya nyumbani. Alipomaliza alifuta mdomo, akaweka uma, akasema hotuba yake yote kuanzia mwanzo hadi mwisho bila kukosea neno.

"Kata!" Gillian alisema kwa sauti ya chini. Kisha kwa sauti kubwa: "Ajabu! Ajabu kabisa! Kule kula, Ambrose! Sajini wa polisi anayeogopa kusema, anakula kwanza! Tunabaki nako hivyohivyo. Tunarudia kutoka upande wa dirisha."

Wazee wa kazi wakatazamana. Mshika taa mmoja akanong'ona, "Amekula mara ya kwanza."

"Nani?"

"Ambrose."

"Acha uongo."

Kutoka upande wa dirisha, alikula kipande kizima. Kutoka mlangoni, kipande kizima. Wakamrekodi Rupert akimsikiliza, na Ambrose, ambaye alionekana sikio, alikula kipande kizima. Beryl aliingia kila mara na keki mpya isiyokatwa, akaiweka palepale ilipokuwa ya kwanza, akafuta makombo, na kila mara alimtazama usoni kwa muda mrefu zaidi. Ambrose hakumtazama. Alikuwa ameanza kujisikia vibaya tumboni, na hicho, alitambua kwa mbali, kilikuwa ni kitu cha kwanza kujisikia tangu Februari.

"Dakika kumi!" akaita Gillian. "Tunasogeza taa."

Beryl alimshika mkono wa sare, akamtoa nje kwa mlango wa nyuma, akampandisha kwenye gari la vifaa, katikati ya makabati ya simu za zamani na visanduku vya sahani. Mvua iligonga paa. Akamkalisha juu ya sanduku.

"Kunywa maji."

"Nashukuru."

"Unataka ndoo?"

"Bado."

Beryl alikaa mbele yake, akachomoa penseli nywelini, akairudisha. "Umekula mara ya kwanza, kipenzi. Wewe. Ningemwona Malkia akikojoa bustanini nisingeshtuka hivi."

"Keki ilikuwa nzuri."

"Keki ilikuwa mbaya. Ni ya Hetty. Alinielekeza mwenyewe, humuhumu ndani ya gari, ile Krismasi aliyokuja. Nilimwambia, Hetty, hii keki inabonyea kwa sababu unafungua jiko mapema. Akasema anajua, lakini hawezi kuvumilia kutoichungulia."

Ambrose alikunywa maji.

"Sasa nisikilize," alisema Beryl. "Tangu majira ya baridi keki zako zina kikaratasi chini chenye jina la duka, kwa herufi za dhahabu. Ijumaa ya kwanza nilikiona kabla watu hawajafika, nikakibandua, nikakitia mfukoni. Na kila Ijumaa baada ya hapo. Unajua mimi, jina la duka siwezi kuliacha. Nikajisemea, mikono ya Hetty imechoka, anaona haya kusema, na huyu mzee anamsitiri. Basi na mimi nikasitiri. Nikawa nakata vipande, nawaambia hawa watoto, kuleni, ni ya Hetty, na atakayesema imekauka nampiga na trei."

"Sikujua," alisema Ambrose. "Kuhusu kikaratasi." Na kwa kweli alishangaa. Miezi yote ile ya kubonyeza kwa ngumi na kuunguza ukingo, hakuwa amewahi kuigeuza ile keki.

"Kwa hiyo leo nikaoka ya kwake, nikafikiri utafurahi, utaenda kumwambia. Nikakutazama unavyokula." Sauti yake ilipungua. "Mtu ambaye mkewe yuko nyumbani hali hivyo, Ambrose. Hata kama mikono yake imechoka. Hetty yuko wapi?"

Ambrose alinyoosha mgongo. Mstari ulikuwepo, umekaa tayari ulimini, alikuwa ameusema asubuhi ileile. Aliusema. "Hajambo. Ana..."

Haukutoka. Ulikuwa ni mstari wa maneno mawili na ulikatikia katikati. Alijaribu tena, akasikia sauti yake kama ya mtu anayesoma tangazo la treni.

"Amekufa, Beryl," alisema. "Februari. Alikuwa anatafuta maziwa."

Mvua iliendelea. Mahali fulani ndani ya shule Rupert Vane alikuwa akiuliza kama taa ile inamfanya aonekane mnene.

"Februari," Beryl alisema hatimaye. "Na mimi nimekuwa nikimtumia salamu kila siku ya Mungu. Jana nilimwambia apake mafuta ya kafuri kwenye goti."

"Nilizifikisha."

"Ulizifikisha wapi?"

"Jikoni. Nikifika nyumbani nasema. Beryl anakusalimu. Rupert anauliza habari zako. Halafu naweka birika." Aliangalia glasi yake. "Ile ya kafuri nilimwambia jana."

Beryl alifuta uso kwa kitambaa cha sahani, uso wote, kama mtu anayefuta meza. Kisha akakikunja kile kitambaa mara nne. "Niwaambie?"

"Sijui. Leo ndiyo ingekuwa imekwisha. Nilitaka nitoke nimwache hapa."

"Haya. Basi sisemi mpaka useme wewe." Halafu, kama mtu aliyekumbuka kitu alichokiweka kwenye rafu ya juu, akasema, "Kuna jambo lingine aliniambia siku ile ya keki. Nilikuwa nimesema, mumeo ni hodari, hasahau mstari. Akacheka mpaka akashika kabati. Akasema, huyo? Huyo alisahau maneno manne wiki nzima kule Oldham, na hakuwa amesahau hata moja. Akasema, Beryl, ananiona mjinga mpaka leo."

Ambrose aliinua kichwa.

"Alijua?"

"Tangu Jumatatu, kipenzi. Alisema mtu aliyesahau kweli huangalia chini. Wewe uligeuka moja kwa moja kwake, na ulikuwa umechana nywele. Jumatano alikuchelewesha makusudi, aone utafanyaje. Akasema ulisimama tu. Ungesimama pale mpaka asubuhi, akasema, na ukumbi mzima unakohoa."

"Nilidhani amesinzia," alisema Ambrose.

"Hakusinzia."

Mlango wa shule ukafunguliwa na sauti ikaita kwenye mvua, "Potts! Tunamhitaji Potts! Na keki!"

Beryl alisimama, akachukua keki nyingine, akaishika mbele yake bila kuondoka. "Ni kweli lakini?" aliuliza. "Nami nimejiuliza miaka yote. Ulikuwa unajifanya?"

Ambrose alifungua mdomo, na kichwa chake kikageuka kushoto. Upande ule palikuwa na kisanduku cha sahani, na mvua nje ya mlango. Alingoja kidogo, kwa mazoea. Macho yalikuwa yameanza kumchoma na hakujua ayafanye nini. Hayakuwa kwenye ukurasa.

"Kweli," alisema. "Niliukumbuka. Kila usiku, mstari ule niliukumbuka."